King'ora Ndani ya Shali

"Chwi!"

Inspekta alitega sikio. Umeme ulikuwa umekatwa, masizi yameziba madirisha, na chumbani kulikuwa giza totoro ilhali nje jua linawaka. Mwanga wa tochi yake ulimwangukia mzee kitandani. Moto uliozuka kwenye soketi jikoni haukumgusa. Moshi ndio uliomfuata usingizini, ukamuua.

"Panya huyo, afande," alisema konstebo.

"Panya analia kila baada ya dakika moja?"

Alimulika dari. Kitako cha king'ora cha moshi kilikuwa kitupu, masizi yameingia mpaka kwenye matundu ya skrubu. Basi king'ora kiliondolewa kabla ya moto.

Nje, mwenye nyumba alikuwa garini, pingu mikononi. Binti wa marehemu ndiye aliyemshtaki: hakuwahi kuweka king'ora. Mwenye nyumba naye alikuwa akiapa hadi sauti imkauke kwamba alikifunga mwenyewe.

"Chwi!"

Kabatini. Inspekta alipapasa chini ya nguo za kike zilizokunjwa vizuri, akatoa shali ya sufi. Ndani yake king'ora, kimeviringwa kama kitoto kichanga.

Alitoka nacho uani. Binti alipoiona shali, alirudi nyuma hatua moja. Mwanawe mdogo alimshika gauni.

"Shali ya nani, mdogo wangu?"

"Ya marehemu mama."

"Nani alikiviringa humu?"

Binti alimvuta mtoto karibu.

"Yule baba garini atafungwa kwa neno lako."

"Mimi, afande. Nilikitoa mimi."

"Kwa nini?"

"Kilikuwa kinalia hivyo hivyo. Kila kikilia, baba anadhani ni hodi, anainuka akafungue mlango. 'Mama yenu amerudi, mbona mnamwacha nje?' Akimkosa, analia kama mtoto. Nikimlaza, kinalia tena. Ningefanyaje? Nikasema, jamani, na alale."

"Kilikuwa kinaomba betri tu. Unaweka mpya, unabonyeza kitufe kukijaribu, basi."

"Nilidhani kimeharibika. Na kweli alilala, afande. Fofofo! Jana nikamchungulia, nikafurahi. Nikaona sasa naweza kwenda kulala kwangu." Akajifunika uso. "Kumbe namwacha na moshi."

"Na mwenye nyumba alikukosea nini?"

"Hakunikosea. Niliogopa. Huyu mtoto nitamwambia nini, kwamba aliyemuua babu yake ni mama yake?"

Inspekta alimgeukia konstebo.

"Konstebo," alisema, "mfungue yule baba. Muombe radhi."

Kisha akamfunika binti shali ile mabegani, maana alikuwa akitetemeka juani.

Wabeba machela walikuwa wakimtoa mzee. Walikaribia pale ambapo zimamoto walikuwa wamevunja mlango, ukabaki unaning'inia kwa bawaba moja. Mtoto aliachia gauni la mama yake, akakimbia mbele yao, akausukuma mlango kwa mikono miwili mpaka ukagonga ukuta.

"Babu, mlango uko wazi."