Salamu za Fundi Cherehani

Mtaani walimwita Bwana Salamu. Kutoka nyumbani hadi kibandani kwake, alikoshona nguo, ni mwendo mfupi tu, lakini hakuna mlango alioupita kimyakimya. Alisimama kwa muuza mkaa, akaulizia watoto. Alisimama kwa kinyozi, akaulizia wateja. Akifika kwa jirani yao muuguzi, aliegemea ukuta na kuulizia hata kuku.

"Mume wangu agombee udiwani," mkewe alitania. "Kura atazoa zote kwa salamu."

Siku moja mkasi ulimponyoka ukamchoma kidole gumba cha mguu. Kilikuwa kidonda kidogo cha kuchekwa. Lakini wiki zilipita, hakikufunga. Kikaanza kuwa cheusi pembeni.

"Baba watoto, nenda hospitali," mkewe alimsihi.

"Kwa kijidonda hiki? Wataniona nadeka."

Muuguzi alipokuja kibandani kuchukua gauni lake, mke wa fundi naye akiwa hapo akikunja vitambaa, alikiona kidonda hicho. Alipiga magoti, akaweka vidole juu ya mguu wa fundi, akatafuta mapigo ya damu. Akatafuta tena. Akashika mguu wa pili, kisha akarudi kwenye ule wa kwanza.

"Shemeji, mguu huu ni wa baridi na mapigo siyasikii. Ukitembea, kigimbi hiki kinauma?"

Fundi alikisugua. "Kinabana. Nikisimama kidogo, kinaachia."

"Ndiyo maana unasimama kwangu kila asubuhi?"

"Mtu mzima nisimame njiani kama gari bovu? Bora niulizie kuku."

Mkewe alipigwa na butwaa. Kwa muuza mkaa, kwa kinyozi, salamu zote zile zilikuwa maumivu, naye alizicheka. Akaketi juu ya furushi la vitambaa. Alitaka kumgombeza na kumkumbatia kwa wakati mmoja.

"Ni ugonjwa gani huu?" aliuliza kwa sauti ndogo.

"Mishipa inayotoa damu moyoni kuipeleka mwilini inaitwa ateri," muuguzi alieleza. "Mafuta yakijijenga ndani yake, njia inakuwa nyembamba. Mguu ukitembea unataka damu zaidi, hauipati, unauma. Na kidonda hakiponi bila damu."

"Mafuta hayo yanaletwa na nini?" mke aliuliza tena.

"Sigara ni adui mkubwa." Macho yote yakaenda kwenye pakiti iliyokuwa juu ya cherehani. "Halafu kuna shinikizo la damu, kisukari, mafuta mengi kwenye damu, na umri. Tena ateri za moyo na za ubongo nazo huziba hivyo hivyo."

"Nikiendelea kujikaza kisabuni?" fundi aliuliza.

"Utakatwa mguu, shemeji. Kidonda cheusi hakingoji kesho. Twende sasa hivi."

Fundi aliitazama cherehani yake ya kukanyaga. Mguu huo ndio uliolisha nyumba. Aliinuka bila kubisha.

Hospitali walimpima shinikizo la damu la mkono na la kifundo cha mguu, wakalinganisha. Daktari alipitisha mrija mwembamba ndani ya ateri, akaipanua pale ilipoziba. Fundi alipewa dawa za kumeza kila siku, na kidonda kikasafishwa mpaka kikafunga. Sigara ilimtoa jasho. Aligombana na kila mtu, hata na uzi, lakini aliiacha. Kisha, kwa maelekezo ya daktari, akaanza mazoezi: kutembea mpaka mguu uume, kupumzika, kutembea tena.

Polepole zile salamu zikapungua. Kinyozi akanung'unika, "Mama, mumeo siku hizi anaringa. Anapunga mkono tu na kupita."

"Mwache aringe," mkewe alijibu, na machozi yakamlengalenga.

Asubuhi moja muuza mkaa alisimama mlangoni kwa mke wa fundi. Akaulizia watoto, akaulizia mvua, akaulizia watoto tena. Mke alimjibu vizuri, kisha akaona mkono wa muuza mkaa ukisugua kigimbi.

"Kaka," alisema, "unatusalimu, au mguu unakuuma?"