Godoro la Mama Mkwe

Godoro lilikuwa linatafuna. Fundi magodoro, mtu aliyeshonea usingizi nusu ya mtaa, alijilaza juu yake karakanani baada ya chakula cha mchana, akaota amesimama uchi mbele ya wakwe, wanamkagua kama mbuzi wa mnadani. Alipozinduka, chini ya sikio lake kitu kilikuwa kinaimalizia ndoto ile taratibu, na harufu ya nywele zilizoungua ikapanda kutoka kwenye pamba.

"Nyingine," sauti ikanong'ona.

Mwenye akili angelichoma. Fundi wetu alilichana, akaishindilia pamba yake ndani ya godoro aliloagizwa na mama mkwe. Kwa ulimi mkali wa mama yule, alijiambia, jini lenyewe ndilo litakalohama.

Siku nne akalala fofofo. Ya tano, mkewe akamwambia kwa sauti ya chini, "Mama amekwisha. Akifumba macho tu, analia."

Fundi akaenda kwa mganga, kichwa chini.

"Jini hilo huotesha ndoto mbaya, kisha huzila," mganga alisema. "Haliogopi ubani. Aliyelipeleka amwambie mwenye kitanda: ni mimi. Likisikia hivyo, linatoka. Unamjua aliyelipeleka?"

"Namsikiasikia."

Alimkuta mama mkwe barazani, macho yamezama.

"Mwanangu, godoro lako zuri, ila nikilala nasikia kitu kinanila."

Fundi akafungua kinywa. "Labda panya, mama."

"Labda. Leo nimemlaza mjukuu humo ndani, anitangulie kulipasha joto."

Hapo ndipo fundi alipoisikia kutoka chumbani, ile tafunatafuna, safari hii ya haraka, ya mlaji aliyepata kitu laini, na harufu ya nywele zilizoungua ikapita chini ya pazia, na katikati yake sauti ya binti yake wa miaka minne ikisema usingizini, baba usiniache, baba usiniache, mpaka fundi akapiga magoti.

"Ni mimi, mama. Nilijua lina jini. Nimekuletea mimi."

Chumbani kitu kikashusha pumzi ndefu. Pazia likapepea kuelekea nje, na harufu ikaondoka nacho. Kukawa kimya.

Mama mkwe aliingia, akatoka na mtoto begani, amelala salama. Akamtazama mkwewe pale chini.

"Kumbe ningekuwa peke yangu," alisema polepole, "ungeniacha niliwe."

Fundi akainuka, akaingia chumbani, akalibeba godoro mgongoni kwenda kulichoma.