Sijambo, Ila

Kila asubuhi kabla ya kwenda shule, Nusaiba alipita chumbani kwa mjomba wake kumwamkia. Alibisha hodi, kisha akasukuma mlango kidogo tu, kwa sababu mwanga ulimuumiza mjomba macho. Pazia la chumba kile lilifungwa mchana kutwa.

"Shikamoo, mjomba."

"Marahaba. Hujambo?"

"Sijambo."

"Umeshaniamkia leo?"

"Ndiyo kwanza nakuamkia, mjomba."

Kuna siku salamu hiyo ilirudiwa na kurudiwa mpaka Nusaiba akachelewa shule. Lakini mama yake, Mwatumu, alikuwa amemwonya: "Akikuuliza tena, mjibu tena. Usimwambie kwamba umeshamjibu. Yeye mwenyewe anajua, na inamuuma."

Msidhani mjomba Bakiri alikuwa mzee. Wapi! Alikuwa bado hajafika miaka arobaini, na kifua chake kilikuwa kipana kama kabati. Alipata kuwa mchezaji wa kulipwa huko Marekani, katika ule mpira wao wa helmeti na mabega ya plastiki, ambao wanauita wa miguu ilhali wanaubeba mikononi. Basi, wenyewe wanajua. Kazi ya Bakiri ilikuwa ulinzi. Mwenye mpira akija mbio, yeye alitakiwa amkumbe kwa nguvu zote na kumwangusha kabla hajapita.

Alianza na raga hapa hapa kusini mwa Johannesburg, akiwa mwanafunzi. Chuo kimoja cha Marekani kikamwona, kikamchukua. Alipomaliza masomo hakuna timu iliyomtaka. Akaenda kuomba majaribio mwenyewe, akakubaliwa, akakaa benchi msimu mzima, hadi mwenzake alipoumia goti naye akaingizwa uwanjani. Tangu siku hiyo hakutoka. Watangazaji walishindwa kulitamka jina lake vizuri, lakini walilipigia kelele hivyo hivyo. Akacheza miaka, akikumba na kukumbwa. Mwishowe timu yake ikamwacha, nyingine ikamchukua, na hiyo nayo ikamwacha katikati ya msimu kwa simu fupi tu. Akarudi hapa Rosettenville kwa dada yake Mwatumu na begi moja na kichwa kinachouma.

Kichwa hicho hakikupoa. Bakiri alianza kusahau majina, kisha njia, kisha mambo ya asubuhi ile ile. Siku moja aliinjika chai, akarudi kulala, na sufuria ikaungua mpaka moshi ukajaa ngazi nzima ya jengo. Madaktari walisema ni mapigo mengi ya kichwani, na kwamba kilichoharibika hakitarudi. Mwatumu alipoambiwa hivyo alikaa kwenye ngazi za hospitali akalia mbele za watu, na hakujali.

Nusaiba alikuwa na miaka kumi na miwili. Alicheza raga katika timu ya wasichana ya shule yao, naye alikuwa na mbio, tena shupavu. Kwenye simu ya mama kulikuwa na video za zamani za mjomba akiwabwaga watu kama magunia huku uwanja mzima ukinguruma. Nusaiba alizitazama kila alipopata nafasi. Alitaka kuwa kama mjomba, yaani yule wa kwenye video. Huyu wa gizani alimpenda na kumwonea huruma, na mara nyingine, Mungu amsamehe, alimwonea haya.

Jumapili moja bibi, mama mzazi wa Mwatumu na Bakiri, alipiga simu kutoka Tanga, kama kawaida yake.

"Hamjambo huko, bibi?" Nusaiba aliuliza.

"Hatujambo, mjukuu wangu, hatujambo kabisa! Ila upepo umeezua paa la jikoni, mbuzi wawili wamekufa, na mguu wangu umevimba, siwezi kuvaa kiatu."

Nusaiba aliangua kicheko. "Eish, bibi! Sasa hapo hamjambo nini?"

"We mtoto wa mjini, huna adabu," bibi alisema huku naye akicheka. "Mtu akikuuliza hali humtupii balaa mlangoni. Unamkaribisha kwanza kwa salama, kisha ndiyo unampa ila. Lakini lazima umpe!"

Jumatano iliyofuata, mazoezini, Nusaiba alijitupa miguuni kwa rafiki yake Lorraine ili amwangushe. Goti la Lorraine likampiga kichwani juu ya sikio. Aliona weusi, kisha akaona nyasi kavu za Agosti karibu kabisa na uso wake, na hakujua amefikaje pale chini. Mwalimu Mokoena, kocha wao, akaja mbio.

"Nusaiba! Uko sharp, huna neno?"

"Sharp, mwalimu," alijibu, akainuka na kujipangusa.

Alijua kanuni. Aliyeumia kichwa anatolewa na haruhusiwi kucheza mpaka daktari aseme. Na Jumamosi ilikuwa siku ya majaribio ya kuchagua wasichana wa timu ya mkoa. Alikuwa ameisubiri siku hiyo mwaka mzima. Akarudi uwanjani akicheka, ingawa mistari ya uwanja ilikuwa ikicheza mbele ya macho yake.

Alhamisi kichwa kiligonga kutwa nzima. Ijumaa alitapika chooni shuleni, akafungulia bomba ili wenzake wasisikie. Alipofika nyumbani mama alikuwa bado dukani. Nusaiba alifunga pazia la sebuleni, akajilaza kwenye kochi na kujifunika uso kwa sweta.

Mjomba Bakiri alitoka chumbani kwake, akasimama.

"Nani amefunga pazia?"

"Mimi, mjomba. Mwanga unaniumiza."

Neno lilikuwa limeshatoka. Mjomba alimwendea, akachutama mbele yake, akaliondoa lile sweta taratibu na kumtazama machoni. Kwa muda mrefu Nusaiba hakuwa ameona uso wa mjomba ukiwa macho namna ile.

"Uligongwa lini?"

"Sikugongwa, mjomba."

"Unatapika?"

Nusaiba akalivuta tena sweta usoni. Mjomba alikaa sakafuni kwa mshindo.

"Daktari wa timu alikuwa akinijia kila nikianguka," alisema. "Ananiuliza, hujambo? Nami namjibu kama mama alivyonifunza, salama. Kwetu salama ni hodi tu, habari zenyewe ziko ndani. Yule daktari hakulijua hilo. Alisikia salama, akaenda zake. Nami ndani sikumfungulia. Nilijua kuna vijana benchi wanaitaka nafasi yangu. Walikuwa wakiniita mchezaji asiye na ila. Asiye na ila, mimi!" Akajigonga kipaji cha uso kwa kidole. "Tazama sasa."

"Mjomba, usimwambie mama," Nusaiba alisema huku machozi yakimlengalenga. "Kesho ni majaribio. Kesho tu, basi."

"Nitamwambia."

Hapo Nusaiba akafanya jambo ambalo lilimwaibisha siku nyingi baadaye. Alifuta macho, akasema kwa upole, "Haya, mjomba. Akirudi jioni utamwambia." Moyoni alijua kwamba kufika jioni mjomba atakuwa ameshasahau.

Bakiri alimwangalia.

"Unangoja nisahau," alisema. "Siyo?"

Nusaiba alitamani ardhi ipasuke immeze. Mjomba hakumgombeza. Aliinuka, akavaa viatu bila soksi, akafungua mlango na kushuka ngazi. Kwa miezi mingi hakuwa ametoka nje peke yake. Nusaiba aliposhtuka na kumkimbilia, alikuwa ameshafika barabarani.

Mjomba alitembea kwa kasi, mkono mmoja ukikinga macho dhidi ya jua. Alikuwa akisema peke yake kwa sauti, tena na tena: "Mwatumu, mtoto ameumia kichwa. Mwatumu, mtoto ameumia kichwa." Watu waliokuwa wakinunua mikate kwenye kona waligeuka kumtazama. Kwenye robot, yaani taa za barabarani, alivuka ikiwa nyekundu, teksi ikafunga breki, na dereva akamtukana kwa Kizulu. Hakusikia. Wavulana wawili wa shule ya Nusaiba walimfuata nyuma wakimwigiza. "Mwatumu! Mwatumu!" walipiga kelele bila kujua maana yake, wakicheka hadi kushika mbavu.

Nusaiba aliona aibu, kisha akaona aibu kwa sababu ya kuona aibu. Yule mtu aliyeshangiliwa na uwanja mzima alikuwa akichekwa na watoto njiani, naye amelishika neno moja asiliangushe, kwa ajili yake. Alitembea nyuma yake akilia, na hakuweza kumwita.

Duka la mama lilikuwa la kushona nguo. Alilikodi pamoja na fundi mwenzake Parfait, Mkongo mchangamfu ambaye alimpenda sana Bakiri. Parfait alikuwa mlangoni akipiga pasi. Alipomwona rafiki yake akatupa mikono juu kwa furaha.

"Jambo, mukubwa! Siku mingi! Habari ya nyumba?"

Ilikuwa salamu tu, ya mapenzi matupu. Bakiri akasimama. Akatabasamu, akajibu kama alivyojibu maisha yake yote.

"Salama."

Neno hilo lilipotoka, lile jingine likapotea. Nusaiba aliona wazi usoni mwake.

Mama alitoka nyuma ya cherehani mbio. "Bakiri! Umekujaje peke yako? Kuna nini nyumbani?"

"Salama, dada. Salama, ila..."

"Ila nini?"

"Ila..." Alitazama viatu vyake, akatazama barabara alikotoka. Akajipiga ngumi kichwani. "Lilikuwepo, dada! Nimelibeba njia nzima. Lilikuwa hapa hapa!" Kisha jitu lile likaketi juu ya robota la vitambaa na kulia kama mtoto. Parfait alizima pasi, akabaki ameishika tu.

Nusaiba alikuwa amesimama kizingitini. Mjomba aliinua macho akamwona, na machoni mwake hakukuwa na habari yoyote ya pazia wala ya kichwa. Amesahau. Kesho atacheza, na hakuna mtu atakayejua. Alichotakiwa ni kunyamaza tu.

Kichwa kilimgonga. Akaingia ndani, akashika mkono wa mjomba wake, mkono mkubwa uliolowa machozi.

"Ila ni mimi, mama," alisema. "Niligongwa kichwani Jumatano. Natapika. Nilimdanganya mwalimu, nami nilikuwa nangoja mjomba asahau."

Mwatumu hakuuliza la pili. Alimwachia Parfait duka, wakaenda zahanati jioni ile ile, wote watatu. Daktari alimpima Nusaiba macho, akamsimamisha kwa mguu mmoja, akamuuliza maswali, akasema ubongo umetikisika. Atapona akipumzika. Lakini angepigwa tena kesho yake, kabla ya kupona, angeweza kupata madhara ya maisha au kufa. Mama aliposikia hivyo alishika kiti kwa mikono miwili. Mjomba alikaa kando, akauliza kwa sauti ndogo ni nani anayeumwa.

Jumamosi Lorraine alichaguliwa timu ya mkoa. Nusaiba alilala gizani, akilia kwa ajili ya majaribio aliyoyakosa, akilia kwa ajili ya mjomba. Mwalimu Mokoena alikuwa amempigia mama simu na kusema kwamba nafasi yake katika timu ya shule itamngoja. Hilo halikumtuliza. Mama aliingia na uji, akakaa kitandani.

"Lia tu, mwanangu," alisema. "Mimi sikugombezi kwa kuumia. Nakugombeza kwa kusema uongo, na kwa kumfanya mjomba wako shimo la kuzikia siri yako. Kila binadamu ana ila yake. Ukiisema, kuna watu watakusaidia kuibeba. Ukiimeza inakutafuna ndani, huku watu wa nje wanakushangilia. Mdogo wangu alishangiliwa hivyo miaka mingi, wala mimi sikujua kitu. Kila nikimpigia simu aliniambia yuko salama, nami nilifurahi." Akaweka uji chini. "Mtu akikuuliza hujambo, jibu kwa adabu, kisha sema kweli. Usiniachie salama tupu. Umenisikia?"

"Nimekusikia, mama."

Asubuhi ya Jumapili Nusaiba alibisha hodi chumbani kwa mjomba wake. Safari hii macho yake nayo hayakutaka mwanga, kwa hiyo aliingia akafunga mlango.

"Shikamoo, mjomba."

"Marahaba. Hujambo?"

"Sijambo, mjomba, ila kichwa kinaniuma. Niligongwa mazoezini."

Bakiri alishtuka, akainuka kitandani. "Umegongwa? Umemwambia mama yako?"

"Nimemwambia. Wewe ndiye uliyenifanya nimwambie."

"Mimi?" Alifikiri kwa muda mrefu, uso umekunjamana, akatafuta asipate kitu. Akajilaza tena. "Vizuri umesema," alinong'ona. "Mimi sikumwambia mtu."

Nusaiba alikaa pembeni mwa kitanda. Nje watu walikuwa wakienda kanisani, sauti zao zikapita chini ya dirisha na kupotea. Baada ya kitambo mjomba aligeuza kichwa, akamwona, akatabasamu kana kwamba ndiyo kwanza anaingia.

"Hujambo, Nusaiba?"

"Sijambo, mjomba," Nusaiba alimjibu, "ila kichwa bado kinaniuma," kisha akaanza kumweleza yote tangu mwanzo.