Siku Ukuta Ulipogongwa Bila Fundi

Ko. Ko. Ko. Kisha, bu.

Nyundo ilirudi nyuma kidogo. Ko, ko. Ikasonga tena mbele. Bu.

Khamala aliondoa sikio ukutani. Plasta iliyoshika jiwe hulia ko. Iliyoachana na jiwe hulia bu, kama debe tupu. Nyumba hii ya mtaa wa Laini Saba aliijenga kwa mikono yake mwenyewe, akitoka Kawangware kila asubuhi. Katika maisha yake ya ufundi hakuwahi kumwachia mtu bu.

"Fundi, unatafuta nini kwa ukuta wangu?"

Mwenye nyumba, Mabrouka, alikuwa amesimama mlangoni na leso mabegani.

"Naskiza kazi yangu, Mama Riyadh."

"Msuluhishi alishaiskiza. Alikuja na nyundo kama hiyo, nikamzungusha nyumba yote. Si umesoma uamuzi wake? Plasta yote itoke, na utairudia bila malipo."

"Alikuja lini?"

"Baada ya kile kikao chetu. Kwani hakukuambia?"

"Hakuniambia. Lakini haidhuru. Naenda kortini. Jaji atakuja hapa na masikio yake."

"Mlete," alisema Mabrouka. "Nitampikia chai."

Walikuwa wameandikiana mkataba kabla ya kuanza mjengo. Mkataba ulisema kwamba wakikosana, watatafuta msuluhishi, mtu wa kati wa kuwaamulia, na uamuzi wake utawafunga wote wawili. Plasta ilipoanza kupasuka, walikubaliana juu ya Bwana Musembi. Aliwaketisha, akawasikiliza. Kisha akatoa uamuzi ambao ulimkata Khamala maini.

Habari zilifika Kawangware kabla yake. Asubuhi iliyofuata, pale mafundi wanaposimama kungoja kazi, mmoja alimwita Fundi Debe. Wengine wakacheka. Mwenye mjengo aliyekuja kutafuta fundi alimtazama Khamala, akamchukua mwingine.

Nyumbani, mkewe Nasike alimwekea ugali, lakini hakuugusa.

"Huko kununa hakutakusaidia," Nasike alisema. "Twende kwa Afrah."

Afrah alikuwa wakili kijana aliyelelewa nyumba ya pili kutoka kwao. Alipokuwa mdogo alikanyaga simiti mbichi ya Khamala, na alama za miguu yake bado ziko kwenye ngazi yao.

"Leo umekuja kunidai ile simiti?" Afrah aliuliza.

"Nimekuja nimpate jaji wa kugonga ukuta."

"Jaji hagongi ukuta, Baba."

"Basi atajuaje kazi yangu ni safi?"

"Hatajua. Hatauliza. Nyinyi wenyewe mlichagua mtu wa kuamua mambo ya plasta. Hata kama aliikosea hiyo plasta, korti haianzi kesi upya."

Khamala alisimama ili aende zake. Nasike alimvuta shati.

"Kaa chini. Mwambie vile Mama Riyadh alikuambia jana."

Khamala akaeleza kwa shingo upande. Afrah aliacha kuandika.

"Musembi alienda kukagua nyumba, na mwenye nyumba akiwepo, na wewe hukuitwa?"

"Sikuitwa."

"Hapo ndipo korti inaingia. Jaji haangalii ukuta, anaangalia njia iliyotumika. Je, kila upande ulipewa nafasi ya kusema? Je, msuluhishi aliamua yale tu aliyopelekewa? Je, kulikuwa na hongo? Njia ikiwa mbovu, jaji anaweza kuufuta uamuzi. Lakini ni lazima uende ndani ya miezi mitatu tangu uupokee. Ukichelewa, mlango umefungwa."

"Na ningeitwa siku hiyo, ningesema nini?"

"Hilo niambie wewe. Wewe ndiye fundi."

Khamala alifikiri. Bu haikuwa kila mahali. Ilikuwa imenyooka kama mstari, kutoka kwa swichi kupanda juu. Akaanza kucheka peke yake.

Walifika Mahakama Kuu wakiwa ndani ya muda. Langoni, askari alifungua mkoba wa Khamala.

"Mzee, nyundo haiingii."

"Ni shahidi wangu."

"Shahidi wako atangoja hapa."

Jaji hakuuliza neno moja kuhusu plasta. Aliuliza kama fundi aliarifiwa kuhusu ukaguzi. Hakukuwa na arifa yoyote. Jaji akaufuta uamuzi wa Musembi.

"Korti hii haisemi ukuta ni mzuri wala mbaya," alisema. "Inasema fundi alipaswa kusikilizwa."

Khamala na Mabrouka walichagua msuluhishi mwingine, Bi Jeconia. Huyu aliwaita wote wawili, akampa Khamala nyundo.

Ko, ko, ko. Bu.

"Hapa," alisema Khamala. "Niruhusuni nitoboe."

Plasta ilimwagika kama unga. Ndani kulikuwa na bomba la waya wa stima.

"Mimi sikupitisha bomba. Ukuta ulichongwa nikiwa nimeshamaliza, ukazibwa kwa mchanga mtupu. Ufa unafuata bomba."

Mabrouka aliinama akaligusa lile bomba. "Fundi wa stima nilimleta mimi," alisema polepole. "Nilimwambia afanye haraka, wapangaji wanangoja."

Bi Jeconia aliamua kwamba mistari ya stima tu ndiyo irudiwe, na gharama si ya Khamala. Plasta yote nyingine ibaki ilivyo.

Siku hiyo Khamala alipita pale mafundi wanaposimama akiwa ameinua kichwa, nyundo mkononi. Aliyemwita Fundi Debe alimpisha njia.

Mwezi uliofuata, Mabrouka alimwita tena Laini Saba. Chai ilikuwa tayari mezani.

"Nataka kupandisha orofa," alisema. "Nataka mkono ule ule. Lakini tukikosana tena, fundi?"

Khamala aliweka kiganja chake juu ya ukuta alioujenga.

"Nitakujengea, Mama Riyadh. Na tukikosana, hakuna mtu atagonga ukuta huu kama hujaitwa. Hata nikijua nitashinda, nitangoja mpaka ufike. Nakuahidi."