Nusu Mzunguko Nyuma

Kosa lilifanywa na mkono, si akili. Fundi saa aliuzungusha mpini wa kisanduku mara moja mbele, kama alivyoagizwa karakanani, halafu kwa mazoea ya miaka kumi na mitano ya kutia saa ufunguo akaurudisha nusu mzunguko nyuma ili springi ipumue. Ndani ya kisanduku kitu kikalia ka!

Kisanduku kilitengenezwa kukunja safari. Ukikishika na kuzungusha mpini, mwendo wa siku nne unakuwa hatua moja. Yeye na shemeji yake dereva, mume wa dada yake, walitumwa kukijaribu katikati ya jangwa la chumvi. Walishuka kwenye lori, wakanywa chai, wakashikana mikono. Walipaswa kutokea nyumbani. Badala yake walirushwa juu, wakarudishwa palepale, na dereva akaangukia chuma kilichompasua paja.

"Chuma gani hiki?" akafoka. "Hapa si hapakuwa na kitu!"

Kilikuwa kipande cha lori lao. Matairi hayapo, bodi imeliwa na kutu, mapipa ya maji yametoboka. Birika waliloliacha likifuka mvuke dakika moja nyuma lilikuwa ganda jekundu. Fundi alipoliinua likamvunjikia mkononi.

Fundi akafungua kisanduku kwa bisibisi. Gurudumu dogo la kuzuia wakati usikimbie lilikuwa limekatika jino.

"Tumepoteza miaka, shemeji. Kumi, labda na zaidi. Nikizungusha tena kitakula mingine kama hiyo."

"Mama wee! Na mtoto?"

 Binti wa fundi alikuwa na miaka saba. Asubuhi ile alikuwa na jino la mbele linalocheza, na fundi, mama yake, alimwambia, "Usiliguse. Nikirudi nitaling'oa mimi." Sasa angekuwa msichana wa miaka kumi na saba, kumi na tisa. Bado alihitaji mama. Bado angeweza kumuwahi.

"Tutatembea," akasema.

"Kwa chupa hii moja?"

"Hiyohiyo."

Akamfunga paja kwa mtandio wake, akamtia begani, wakaondoka. Chumvi ilipasuka chini ya viatu na kuwakata vifundo. Walikunywa kwa kifuniko cha chupa, kimoja asubuhi, kimoja jioni.

"Mzito wewe, kama gunia la saruji."

"Mlaumu dada yako. Yeye ndiye mpishi."

Siku ya pili maji yakaisha na jeraha likaanza kunuka. Siku ya tatu dereva aliwaka homa, akamwita fundi kwa jina la mkewe. Mchana alipopata fahamu kidogo, akasema, "Niache hapa. Nenda kwa mwanao."

Fundi alimchukia, tuseme ukweli. Alimlaza chini, akaenda zake. Alikwenda hatua arobaini, akizihesabu, na kila hatua alimwona binti yake mlangoni. Kisha akamsikia mtu yule akikohoa nyuma yake, kikohozi kikavu cha mtu asiye na mate, akageuka.

Alilia bila machozi, maana mwilini hakukuwa na maji ya kulilia. Akaushika mkono wa dereva, akazungusha mpini mara moja mbele, akauachia upesi kama aliyeungua.

Wakaangukia uani kwao. Nyumba ilikuwa na rangi nyingine. Ajuza mwenye mvi alitoka mbio na bakuli la maji, akapiga magoti, akamnywesha dereva kidogo kidogo huku akimwita mume wangu, mume wangu. Ndipo fundi alipomtambua dada yake.

Nyuma ya dada huyo, mlangoni, alisimama mwanamke mzima, rika moja na fundi, mwenye kidevu chake. 

"Mwanangu," akasema fundi. Sauti ilitoka kama mchanga. "Jino..."

Yule mwanamke akachuchumaa mbele yake, akamfuta chumvi usoni kwa upindo wa gauni.

"Sikuligusa, mama. Wiki nzima nilitafunia upande mmoja. Halafu likatoka lenyewe."