Uzi Uliokoroma

Duka la nyavu la Miembeni lilijaa wavuvi siku ile, na Protase peke yake ndiye aliyevaa viatu vilivyong'arishwa. Aliomba mshipi wa nailoni.

"Wa sangara au wa sato?" aliuliza muuzaji, Kokwijuka, kitenge cha manjano kiunoni.

"Wa nyuzi za enanga. Natengeneza filamu ya kuwafundisha wanafunzi vyombo vya muziki vya nyuzi."

Kokwijuka alicheka. "Basi njoo Ijumbi umsikie Tata, baba yangu, akiipiga. Uzi wake wa tatu unakoroma kama yeye mwenyewe."

Protase alikwenda Jumapili tatu. Alimrekodi Mzee Kahangwa barazani, mvua ikipiga bati, Kokwijuka akiwapa kahawa ya kutafuna. Simu zikaanza.

"Umefika salama, mpenzi?"

"Nimefika, ila moyo nimeuacha kwenu."

"Basi Tata autunze. Mimi nina wateja."

Mwezi wa tano mzee alifariki.

Filamu ilipoonyeshwa shuleni Ijumbi, Kokwijuka aliketi mbele, kitambaa cheusi kichwani. Vidole vya baba yake vilitokea ukutani, vikubwa, hai. Lakini nyuzi zote zililia safi. Akatoka nje. Protase akamfuata.

"Mikono ni ya Tata," Kokwijuka alisema. "Sauti ni ya nani?"

"Ya mpigaji mwingine. Mvua iliharibu ya mzee, nikabandika hiyo."

"Umewaonyesha watoto mzimu, Protase."

Wiki sita hakupokea simu yake. Wiki ya saba Protase alifika Ijumbi na kompyuta, akaiweka juu ya kigoda cha mzee.

"Sikuifuta. Sikiliza."

Mvua. Kikohozi. Kisha uzi wa tatu ukakoroma, na Kokwijuka akashika nguzo ya baraza. Muziki ulipokoma, Protase alinyoosha mkono kuizima. Kokwijuka akamzuia.

Sauti ya baba yake ikatoka: "Kijana, umefuata enanga au umemfuata mwanangu?"

Halafu mvua tupu.

"Hukumjibu," alisema Kokwijuka.

"Niliogopa. Nikasingizia mvua ili mtu asilisikie swali lake."

"Bado anakusubiri."

Protase akakiinamia kigoda. "Nimemfuata Kokwijuka, mzee. Naomba kumuoa."

Ndani ya mvua ile enanga ikaanza tena, uzi wa tatu ukikoroma.

"Watoto waisikie hivyo hivyo," Kokwijuka alisema, "na mvua yake."

Akapasua tunda kavu la kahawa, kama wafanyavyo wanaopeana ahadi. Punje moja akatafuna, ya pili akampa Protase.