Albamu Iliyotangazwa Tu

Mikono yao iligusana juu ya lundo la CD za zamani, katika duka lililofurika watu mtaani Frogtown, ughaibuni, Jumamosi mchana.

"Samahani, dada. Nimekusikia ukiongea Kiswahili kwenye simu. Nikuachie?"

Haika alicheka. "Na wewe unasikiliza rap ya Louisiana?"

"Ya tisini na nane! Majalada yamejaa almasi kama duka la sonara. Wiki hii albamu, wiki ijayo nyingine. Chuoni tulikuwa hatulali."

Aliitwa Theophil, shati la bluu limenyooka kwa pasi, kazi yake ofisini kitongojini Golden Valley. Haika, nesi wa Maplewood, bado na sare yake, akamweleza shida yake. Marehemu mumewe, Moses, alikusanya kila kitu cha lebo iliyorekodi rap ile. Ilibaki albamu moja, iliyotangazwa kwa picha ndani ya kijitabu cha CD aliyoishika, kwamba inatoka karibuni. Theophil aliitazama picha ile, akakifunga kijitabu upesi.

"Tutaitafuta wote," alisema.

Basi wakawa wakitafuta. Kila Jumamosi duka jingine, kahawa, utani, kisha simu ya "umefika salama, mpenzi?" Lakini garini Moses alikuwa nao. CD yake ilibaki redioni, na besi ikianza kugonga, Haika aliona kiti cha nyuma hakiko kitupu. Theophil akimshika mkono, aliuondoa.

"Nikiipata albamu, ndipo tuzungumze ndoa," alisema, na moyo wake ulimtaka yule mwanamume mpaka akaogopa.

Muuzaji wa duka moja ndiye aliyeropoka. "Hiyo? Haikutoka kabisa. Nilishamwambia rafiki yako."

Haika aligeuka. "Theo, ulijua?"

"Tangu siku ya kwanza."

"Umenizungusha mji mzima kama mtoto!"

"Ningesema, ungeniaga palepale."

Haika alimwacha nje kwenye theluji, na simu zake hakuzipokea. Nyumbani besi ilisikika ukutani hata redio ikiwa imezimwa. Haika aliketi kwenye ngazi akalia, maana hata yeye alijua kwamba haikutoka, tangu mwaka wa msiba. Kuacha kutafuta kulikuwa kumzika Moses upya, na mazishi ya kwanza tu yalimshinda.

Akapiga simu.

"Theo, mimi pia nilijua."

"Sasa tulikuwa tunatafuta nini?"

"Kisingizio. Njoo unichukue, uvae koti lako zuri."

"Twende wapi?"

"Kwa mama mkwe, mama wa Moses. Siwezi kuolewa na wewe bila yeye kuniruhusu."

"Akikataa?"

"Tutarudi tena kesho," alisema Haika. Alikuwa akiivua pete ya Moses, nayo ilimng'ang'ania, ikabidi atumie sabuni.